Verna Fields

Verna Fields (21 Machi 1918 – 30 Novemba 1982) alikuwa mhariri wa filamu na mhariri wa sauti kutoka nchini Marekani. Anafahamika zaidi kwa kuhariri filamu ya Jaws (1975) iliyoongozwa na Steven Spielberg, kazi iliyompatia tuzo ya Oscar. Pia alihariri filamu za waongozaji Peter Bogdanovich, George Lucas na Haskell Wexler. Waongozaji vijana wa miaka ya 1970, wengi wao wakiwa wadogo kwake kwa miaka 20 au zaidi, walimpa jina la utani la Mother Cutter, yaani Mama Mkataji.

Mwaka 1976 aliteuliwa kuwa makamu wa rais wa kampuni ya Universal anayesimamia utayarishaji wa filamu. Alikuwa miongoni mwa wanawake wa kwanza kupata cheo cha juu namna hiyo katika studio kubwa ya Hollywood. Baada ya Jaws hakuhariri tena filamu nyingine.

Maisha ya awali

Alizaliwa kwa jina la Verna Hellman mjini St. Louis, jimbo la Missouri. Baba yake, Sam Hellman, alikuwa mwandishi wa habari na wa hadithi fupi za magazetini. Sinema zilipoanza kutoa sauti, studio za Hollywood zilihitaji watu wanaojua kuandika mazungumzo, na Hellman alihamia California pamoja na familia yake. Huko aliandika miswada ya filamu nyingi. Jina lake limo kati ya waandishi wa Little Miss Marker (1934), na hadithi ya My Darling Clementine (1946) imetajwa kuwa yake.

Verna alisoma uandishi wa habari katika Chuo Kikuu cha Southern California mjini Los Angeles na kupata shahada ya kwanza. Hakuingia magazetini. Alifanya kazi mbalimbali katika studio ya 20th Century Fox, kisha akawa msaidizi wa mhariri wa sauti. Mojawapo ya filamu alizoshiriki wakati huo ni The Woman in the Window (1944) ya mwongozaji Fritz Lang, aliyekuwa amekimbia Ujerumani ya Hitler.

Mwaka 1946 aliolewa na mhariri wa filamu Sam Fields. Walipata watoto wawili wa kiume. Verna aliacha kazi ili kulea, na kwa miaka kadhaa alikuwa mke wa mhariri, si mhariri.

Ujane na kurudi kazini

Sam Fields alifariki ghafla mwaka 1954 kwa ugonjwa wa moyo. Verna alikuwa na umri wa miaka 36, watoto wake wakiwa bado wadogo, na kazi pekee aliyoijua vizuri ilikuwa ile ya chumba cha sauti.

Alirudi kupitia televisheni, iliyokuwa ikikua haraka na kuhitaji mafundi wengi. Alihariri sauti za vipindi vya mfululizo kama Death Valley Days, Sky King na Fury: milio ya bunduki, kwato za farasi, milango, injini za ndege ndogo. Ili asiwaache watoto peke yao usiku, alifunga mitambo ya kuhariria nyumbani kwake na kufanya kazi walipokwisha kulala. Vipindi vyake vingi vilirushwa Jumamosi asubuhi kwa ajili ya watoto, naye aliwatania wanawe kwamba yeye ndiye malkia wa Jumamosi asubuhi.

Utaratibu huo wa kufanya kazi nyumbani ulianza kwa sababu ya shida, lakini hakuuacha hata shida ilipokwisha. Baadhi ya filamu mashuhuri zaidi za Marekani za miaka ya 1970 zilipita katika nyumba yake iliyoko bonde la San Fernando, kaskazini mwa Los Angeles.

Katika zama hizo hapakuwa na kompyuta. Filamu ilikuwa mkanda wa plastiki wenye picha ndogo zinazoitwa fremu, na fremu 24 zilipita mbele ya taa kila sekunde. Mhariri alitazama mkanda kwenye mashine, akatia alama kwa kalamu ya nta, akakata kwa mkono na kuunga kwa selotepu maalumu. Sauti ilikuwa kwenye mkanda mwingine uliopaswa kwenda sambamba na picha. Mkato mmoja uliokosewa ulimaanisha kutafuta kipande kilichotupwa kapuni na kukirudisha. Kwa mtu aliyeanzia kwenye sauti kama Fields, kazi hiyo ilikuwa ya sikio kama ilivyokuwa ya jicho, na mambo mengi aliyoyafanya baadaye yanaeleweka vizuri zaidi kwa kukumbuka hilo.

Kutoka sauti hadi picha

Mwaka 1956 alifanya kazi tena na Fritz Lang, safari hii akiwa mhariri wa sauti wa While the City Sleeps. Kisha alijiunga na kikundi cha watengenezaji filamu waliofanya kazi nje ya studio kubwa, kwa fedha kidogo na uhuru mwingi. Pamoja nao alishughulikia sauti ya The Savage Eye, filamu ya Ben Maddow, Sidney Meyers na Joseph Strick inayochanganya maisha halisi ya mitaa ya Los Angeles na hadithi ya mwanamke aliyeachika. Filamu hiyo ilimkutanisha na watu aliofanya nao kazi kwa miaka iliyofuata, akiwemo mpiga picha Haskell Wexler.

Mwaka 1960 alihariri picha za Studs Lonigan ya Irving Lerner. Mwaka uliofuata alirudi kwenye sauti katika El Cid ya Anthony Mann, filamu kubwa ya kihistoria iliyojaa vita vya panga na farasi. Wahariri wenzake wa sauti walimtunuku tuzo ya chama chao, Golden Reel, kwa kazi hiyo. Mwaka 1963 alihariri The Balcony ya Strick na An Affair of the Skin ya Maddow. Hizi hazikuwa filamu zilizojaza kumbi, na kama angeishia hapo, jina lake lingejulikana na mafundi wenzake tu.

Ualimu

Katikati ya miaka ya 1960 Fields alifundisha uhariri katika Chuo Kikuu cha Southern California, alikosoma mwenyewe. Shule ya filamu ya chuo hicho ilikuwa na kizazi cha wanafunzi ambacho ni vigumu kukipatia mfano. Miongoni mwao walikuwamo George Lucas, John Milius, Matthew Robbins na Willard Huyck, ambao miaka michache baadaye walikuwa waandishi na waongozaji wa filamu zilizotazamwa dunia nzima.

Sambamba na ualimu, alitengeneza filamu za hali halisi kwa ajili ya idara za serikali ya Marekani, wakati serikali ya Rais Lyndon Johnson ilipokuwa ikitumia filamu kueleza mipango yake ya kupambana na umaskini na siasa zake za nje. Mojawapo ni Journey to the Pacific, kuhusu ziara ya Johnson barani Asia. Kazi ilikuwa nyingi, na mwaka 1967 Fields aliajiri vijana wa kumsaidia. Mmoja alikuwa Lucas. Mwingine alikuwa msaidizi wa mhariri aliyeitwa Marcia Griffin. Aliwapanga wafanye kazi pamoja, nao wakaoana mwaka 1969. Lucas alieleza baadaye kwamba kuelekezwa na wengine namna ya kukata filamu ndiko kulikomfanya aamue kuwa mwongozaji. Marcia alibaki katika uhariri.

Ikumbukwe kwamba wakati huo vyama vya wafanyakazi wa filamu vya Hollywood vilikuwa vigumu kuingia kwa kijana asiye na ndugu ndani. Kwa vijana hao, nyumba ya Fields ilikuwa mojawapo ya milango michache iliyokuwa wazi.

Medium Cool na filamu za Bogdanovich

Mwaka 1968 Peter Bogdanovich, aliyekuwa mhakiki wa filamu kabla ya kuanza kuongoza, alimpa Fields kazi ya sauti ya Targets, filamu inayosimulia juu ya kijana anayewafyatulia watu risasi kutoka mahali pa mbali. Filamu hiyo haitegemei muziki kujenga hofu. Hofu inatoka kwenye sauti zenyewe: upepo, magari ya barabara kuu, mlio wa bunduki, kisha ukimya.

Mwaka uleule Haskell Wexler alikuwa mjini Chicago akipiga picha za Medium Cool, filamu yake ya kwanza ya hadithi kama mwongozaji. Mhusika wake mkuu ni mpiga picha wa televisheni. Waigizaji walipelekwa katikati ya machafuko ya kweli yaliyotokea wakati wa mkutano mkuu wa chama cha Democratic, ambapo polisi waliwapiga waandamanaji waliopinga vita vya Vietnam. Fields alipokea mikanda ambayo sehemu yake ni igizo na sehemu nyingine ni tukio halisi, na ilimbidi aziunganishe bila mtazamaji kuona mshono. Uzoefu wake wa filamu za hadithi na za hali halisi ulikutana hapo. Medium Cool ilitoka mwaka 1969 na bado hufundishwa katika vyuo vya filamu.

Baadaye Bogdanovich alimpa uhariri wa picha. Katika What's Up, Doc? (1972), kichekesho cha Barbra Streisand na Ryan O'Neal, kuna mbio ndefu za magari katika vilima vya San Francisco ambamo kila kicheko kinategemea mkato kuja kwa wakati wake. Paper Moon (1973) ni kinyume chake: filamu ya rangi nyeusi na nyeupe, yenye maonyesho marefu yanayokwenda bila kukatwa huku mtoto Tatum O'Neal akijibizana na baba yake wa kweli, Ryan. Tatum alipata Oscar akiwa na umri wa miaka 10. Hapo kazi ya mhariri ilikuwa zaidi kujua wakati wa kuweka mkasi chini. Fields alihariri pia Daisy Miller (1974), ambayo haikufanya vizuri sokoni.

American Graffiti

Lucas alipopewa nafasi na Universal ya kutengeneza American Graffiti, alitaka mke wake aihariri. Studio ilitaka mtu mwenye uzoefu, na Fields akaletwa. Wawili hao walifanya kazi pamoja, mwalimu na msaidizi wake wa zamani.

Filamu hiyo inawafuata vijana wanne katika usiku mmoja wa mwaka 1962, katika mji mdogo wa California. Kila mmoja ana njia yake, na hadithi inaruka kutoka kwa huyu kwenda kwa yule huku nyimbo za redio zikisikika karibu mfululizo. Ugumu wake ulikuwa hapo hapo. Mtazamaji akikaa mbali na mhusika kwa muda mrefu humsahau, na akirudishwa kwake mapema huchoka. Mkusanyo wa kwanza ulikuwa mrefu mno, takriban saa mbili na dakika 45. Toleo lililofika kwenye kumbi mwezi Agosti 1973 lilikuwa chini ya saa mbili.

American Graffiti iligharimu chini ya dola milioni moja na kuingiza zaidi ya milioni 100. Verna Fields na Marcia Lucas waliteuliwa kuwania Oscar ya uhariri, lakini tuzo ilikwenda kwa William Reynolds aliyehariri The Sting.

Jaws

Fields alikutana na Spielberg katika The Sugarland Express (1974), filamu ya kwanza ya mwongozaji huyo kutengenezwa kwa ajili ya kumbi za sinema, aliyoihariri pamoja na Edward Abroms. Universal ilipomkabidhi Spielberg riwaya ya Peter Benchley kuhusu papa anayeshambulia watu wa mji wa pwani, mhariri alikuwa Fields peke yake.

Upigaji picha ulianza mwezi Mei 1974 katika kisiwa cha Martha's Vineyard, jimbo la Massachusetts. Spielberg, aliyekuwa na umri wa miaka 27, alikataa kupiga picha kwenye bwawa la studio na kutaka bahari ya kweli. Uamuzi huo nusura uiangamize filamu. Papa wa bandia aliyeundwa kwa chuma na mipira alikuwa amejaribiwa katika maji baridi yasiyo na chumvi. Alipoingizwa katika maji ya Atlantiki mitambo yake iliharibika mara kwa mara, na mara moja alizama hadi chini. Kazi iliyopangwa kuchukua siku 55 ilichukua 159, na bajeti ya dola milioni nne ilifika takriban milioni tisa.

Kwa kawaida mhariri wa Hollywood alibaki mjini Los Angeles akisubiri mikanda iletwe. Fields alikwenda kisiwani na kuhariri hukohuko, picha zikiendelea kupigwa. Kwa hiyo aliweza kumwambia mwongozaji ni kipande gani kinakosekana wakati mashua na waigizaji bado wapo. Bahari ilimpa matatizo ambayo hayakutokea studio. Onyesho la dakika mbili liliweza kupigwa kwa siku nyingi: katika kipande kimoja mbingu ni ya buluu, katika kinachofuata kuna mawingu, hapa maji yametulia, pale kuna mawimbi, na tanga la mashua ya watalii linajitokeza mahali panapotakiwa kuwa bahari tupu. Kanuni za kitabuni zinadai vipande hivyo visiungane. Fields aliviunganisha kwa kufuata macho na mwendo wa waigizaji, kiasi kwamba mtazamaji hana nafasi ya kuangalia angani.

Tatizo la papa lilikuwa kubwa zaidi, nalo ndilo lililoipa filamu sura yake. Kwa kuwa mashine haikuwa tayari, vipande vingi vilipigwa bila papa kuonekana, na chumbani mwa Fields vipande hivyo vikageuka kuwa nguvu. Papa akawa mapipa ya njano yanayovutwa juu ya maji, gati la mbao linalogeuka na kumfuata mtu anayeogelea, au maji matupu yakiambatana na noti mbili za muziki wa John Williams. Mwili wa papa unaonekana vizuri baada ya zaidi ya saa nzima ya filamu.

Alipoonekana, swali lilikuwa kwa muda gani. Spielberg ameeleza miaka mingi baadaye jinsi walivyobishana juu ya fremu chache. Yeye, aliyeteseka siku nzima majini kupata kipande kimoja, alitaka kibaki kirefu. Fields alitaka kukipunguza. Kwa maelezo ya Spielberg, papa alitisha kwa fremu 36, na kwa fremu 38 alionekana wazi kuwa kitu cha bandia kinachoelea. Tofauti hiyo ni sehemu ndogo kuliko moja ya kumi ya sekunde.

Fields mwenyewe alizungumzia mdundo. Alieleza kwamba hadithi ina mwendo wake, na mkato unaotoka nje ya mwendo humsumbua mtazamaji hata kama hajui kwa nini. Katika Jaws, alisema, kila alipojisikia kukata alijizuia, ili kuacha hali ya kungojea jambo. Onyesho maarufu la ufukweni linaonyesha alichomaanisha. Mkuu wa polisi Brody ameketi mchangani akitazama watu wakiogelea. Wapita njia wanakatiza mbele ya kamera, na kila anapopita mmoja picha inabadilika, ikimsogelea Brody zaidi. Mikato imefichwa nyuma ya miili ya watu. Kwa muda mrefu hakuna kinachotokea, na ndiyo sababu shambulio linapokuja linaumiza.

Upigaji picha ulipokwisha, Fields alikuwa tayari ameunganisha sehemu kubwa ya filamu, hadi pale msako wa papa unapoanza. Sehemu iliyobaki aliimalizia nyumbani kwake California. Mtayarishaji Richard Zanuck alisimulia baadaye kwamba alijenga upya baadhi ya maonyesho: mengine yaliyokusudiwa kuchekesha akayafanya yatishe, na mengine yaliyokusudiwa kutisha akayafanya yachekeshe.

Mwezi Machi 1975 filamu ilionyeshwa kwa majaribio, na watazamaji wakapiga kelele palipotakiwa. Spielberg akataka kelele moja zaidi. Aliamua kupiga upya onyesho ambamo mtafiti wa bahari Hooper anapiga mbizi usiku kwenye mashua iliyozama, na kichwa cha mvuvi aliyekufa kinatokeza kwenye tundu la ubao. Studio ilikuwa imechoka kutoa fedha, kwa hiyo mwongozaji alilipa mwenyewe kiasi cha dola 3,000. Onyesho hilo lilipigwa katika bwawa la kuogelea la nyumbani kwa Verna Fields. Bwawa lilifunikwa turubai ili kuleta giza, na maziwa ya unga yakakorogwa ndani ya maji yaonekane mazito kama ya bahari. Wengi wanaoitazama Jaws hutaja kichwa hicho kuwa ndicho kilichowarusha kitini, wasijue kwamba bahari yake ilikuwa uani kwa mhariri.

Jaws ilianza kuonyeshwa tarehe 20 Juni 1975 katika kumbi zaidi ya 400 kwa mkupuo, jambo ambalo halikuwa la kawaida. Iliipita The Godfather na kuwa filamu iliyoingiza fedha nyingi kuliko zote zilizotangulia. Nafasi hiyo ilichukuliwa miaka miwili baadaye na Star Wars ya Lucas, ambayo Marcia Lucas alikuwa mmoja wa wahariri wake.

Nani aliiokoa filamu?

Mwezi Machi 1976 Fields alipokea Oscar ya uhariri bora. Jaws ilipata pia tuzo za muziki na sauti na iliteuliwa kuwania filamu bora ya mwaka. Spielberg hakuteuliwa kwa uongozaji.

Matokeo hayo yalikoleza maneno yaliyokuwa yakizunguka Hollywood: kwamba kijana alikuwa amepotea baharini na Mama Mkataji ndiye aliyeiokoa filamu mezani kwake. Maneno hayo hayakumpendeza Spielberg, na si vigumu kuona kwa nini. Mhariri hukata kilichopigwa. Ufukwe, mapipa na wapita njia wanaokatiza mbele ya kamera vilibuniwa na kupigwa kabla ya mkasi. Kwa upande mwingine, filamu ambayo papa wake hafanyi kazi ingeweza kuwa kichekesho kwa urahisi sana, na haikuwa. Fields hakudai kwamba aliiokoa. Alikiri kupewa sifa nyingi kwa ajili ya Jaws, zilizo haki au zisizo haki, akaishia hapo.

Hawakufanya tena kazi pamoja. Filamu iliyofuata ya Spielberg, Close Encounters of the Third Kind (1977), ilihaririwa na Michael Kahn, ambaye aliendelea kuwa mhariri wake kwa miongo mingi.

Universal na miaka ya mwisho

Universal ilimpandisha Fields kuwa makamu wa rais mwaka 1976. Wanawake walikuwa katika vyumba vya uhariri vya Hollywood tangu zama za filamu zisizo na sauti. Anne Bauchens alipata Oscar ya uhariri kwa filamu ya mwaka 1940, na Margaret Booth alisimamia uhariri wa studio ya MGM kwa miongo mitatu. Lakini ofisi ambamo iliamuliwa filamu ipi itengenezwe na nani aiongoze zilikuwa za wanaume karibu zote. Katika nafasi yake mpya Fields alishauri waongozaji, alitazama filamu zilizokuwa zikiendelea na kutafuta suluhisho pale zilipokwama. Ilikuwa kazi ileile aliyowafanyia vijana nyumbani kwake, safari hii ikiwa na cheo na mshahara wake.

Mwaka 1977, Universal ilipokuwa ikitengeneza Jaws 2, mwongozaji wa kwanza aliondolewa baada ya wiki chache za kupiga picha. Lilitolewa pendekezo kwamba Fields aiongoze pamoja na Joe Alves, mbunifu wa mandhari wa filamu zote mbili. Kanuni za chama cha waongozaji hazikuruhusu, na kazi ikapewa Jeannot Szwarc. Huko ndiko kulikuwa karibu zaidi Fields alikowahi kufika kwenye kiti cha mwongozaji.

Mwaka 1981 alipokea tuzo ya Crystal kutoka shirika la Women in Film, linalotetea nafasi ya wanawake katika tasnia hiyo. Alifariki kwa saratani mjini Los Angeles tarehe 30 Novemba 1982, akiwa na umri wa miaka 64, akiwa bado makamu wa rais wa Universal. Mmoja wa wanawe alifuata kazi ya wazazi wake na kuwa mhariri wa filamu.

Universal ililipa jina lake jengo moja katika eneo la studio hiyo. Chama cha wahariri wa sauti, kilichompa tuzo yake ya kwanza kwa El Cid, hutoa kila mwaka tuzo ya Verna Fields kwa mwanafunzi aliyehariri vizuri zaidi sauti ya filamu.